Fahamu: Kwa nini kompyuta peke yake haitapeleka daktari Kabambare

Tuchukue mfano wa kubuni. Madaktari watatu wamemaliza masomo, na hospitali za Kindu, Kasongo na Kabambare kila moja inataka mmoja. Kila daktari anaandika hospitali anazozitaka kwa kufuatana. Hospitali nazo zinawapanga madaktari. Wote wanabisha hodi Kindu. Kindu inamshika inayemtaka zaidi, lakini kwa muda tu, maana anaweza kuja bora. Wawili wanageukia Kasongo, nayo inamshika mmoja. Wa mwisho anakwenda Kabambare, kama aliiandika.

Hesabu hii ilichapishwa na David Gale na Lloyd Shapley mwaka 1962, ingawa Marekani ilikuwa ikigawa madaktari wake wachanga kwa utaratibu wa aina hiyo tangu 1952. Mwishoni hutapata daktari na hospitali wanaotamani kuwatupa waliopangiwa ili wachukuane wao; mgawanyo wa namna hiyo huitwa thabiti.

Ila lile “kama aliiandika” ndilo lenye uchungu. Mwaka 1986 Alvin Roth, aliyekuja kutunukiwa Nobel ya 2012 pamoja na Shapley, alithibitisha kwamba hospitali isiyojaza nafasi zake katika mgawanyo mmoja thabiti itapata watu walewale katika mwingine wowote ulio thabiti. Kubadili programu ya kompyuta inayopiga hesabu hii, basi, hakumleti munganga. Kinachobadili mambo ni ile orodha yake, nayo hubadilishwa na vitu kama nyumba, mshahara usiochelewa, barabara ya kutoka Kasongo inayopitika wakati wa mvua. Japani ilishika njia nyingine, ikaweka kikomo cha nafasi kwa kila mkoa ili miji mikubwa isiwameze wote.