JIWE LA CHOKAA LA UBELGIJI: TUSIDANGANYWE NA JINA



Mwaka jana katika jaribio la jiografia tuliulizwa: jiwe la chokaa la Karboniferi ni jiwe gani? Mimi nikaandika upesi: "Ni jiwe lenye kutoa makaa." Nikapata 2 juu ya 10. Haya ilinishika kweli, maana wadogo walikuwa wananitazama mimi kapita wao. Sitaki wenzangu wa mwaka wa sita waanguke vile mbele ya mtihani wa Serikali.

Neno Karboniferi maana yake ni "yenye kuzaa makaa". Lakini hilo ni jina la kipindi kizima, kilichoanza karibu miaka milioni 359 iliyopita. Kule Ubelgiji makaa yalikuja nyuma. Kwanza kulikuwa bahari.

Tusome mawe toka chini kupanda juu, sawa vile mtu anajenga ukuta: tofali la chini ndilo la kwanza.

1. Chini iko mawe ya kipindi cha Tournai. Wakati ule nchi ile ilikuwa karibu na ikweta, na bahari yake ilikuwa ya maji ya moto kidogo. Humo waliishi krinoide, wanyama wenye shina kama ua, jamaa ya nyota za bahari. Walipokufa, vipande vyao vilirundikana, vikashikana, vikawa jiwe.

2. Juu yake iko mawe ya kipindi cha Visé. Humo hutoka jiwe jeusi la Dinant, lililochongwa makaburi na sakafu za makanisa. Ni jeusi, lakini si makaa!

3. Kisha matope na mchanga kutoka nchi kavu vikafunika chokaa.

4. Mwisho ikaota misitu ya mabwawa. Ilipozikwa, ikawa makaa ya Mons, Charleroi na Liège.

Angalisho: nyuma yake nchi ilikunjwa kama nguo. Ndiyo sababu pale Dinant matabaka mengine yamesimama wima kama vitabu katika kabati.

Jina lingine lenye kudanganya ni "petit granit", jiwe la Soignies. Si granit hata kidogo! Granit ilizaliwa katika moto wa chini ya ardhi. Jiwe hili ni chokaa iliyojaa krinoide. Ulitilie tone la asidi, utaona linatoa povu. Granit itanyamaza.

Mtu atauliza: hayo yatufaa nini? Sikia habari ya Tournai. Maji hula chokaa polepole na kuacha mapango. Katika karne ya 20 Wabelgiji na Wafaransa walivuta maji mengi toka jiwe hilo. Maji yaliposhuka, udongo wa juu ulikosa kitu cha kuushika, na mashimo yakafunguka ghafula. Tena Saint-Ghislain, chokaa ile ile iliyo chini sana hutoa maji ya digrii zaidi ya 70, nao huyatumia kupasha nyumba moto. Jiwe ni moja. Lamfaa au lamdhuru mtu kwa kadiri anavyolijua.

Basi wenzangu, tuache kukariri majina kama kasuku. Jina tulisikie, halafu jiwe lenyewe tuliulize.

Kapita wa wanafunzi, mwaka wa sita