Mboga za Barazani: Tuulize Kwanza Udongo

Ukipita asubuhi katika mitaa ya Fungurume utawakuta kina mama wakielekea sokoni, na kila mmoja ana hesabu moja moyoni: unga tunao, lakini mboga je? Bukari bila mboga hailiki. Fungu la lengalenga ambalo zamani jirani alimpa jirani bure, leo lanunuliwa kwa fedha, na fedha zenyewe hazitoshi. Ndiyo sababu wazazi wengi wametuuliza kama yawezekana kupata mboga nyumbani, mahali pasipo na shamba wala lupango kubwa, ila baraza tu mbele ya mlango. Au, kwa ndugu zetu wakaao katika nyumba za ghorofa huko Kolwezi na Lubumbashi, roshani ndogo isiyotosha hata kitanda.

Jibu letu ni ndiyo, yawezekana. Lakini katika nchi hii ya shaba yako maswali mawili, na watu wengi huanza na la pili. Huuliza, "Tupande nini?" Yafaa waulize kwanza, "Tupande katika udongo gani?"

Kosa letu wenyewe

Hatuna budi kueleza tulivyojifunza jambo hilo. Miaka michache iliyopita tulitaka kuwafundisha watoto wa darasa letu kazi ya bustani. Tukatafuta ndoo tatu kuukuu, tukawatuma watoto walete udongo. Walirudi upesi wakifurahi, maana walikuwa wameuchimba katika mteremko wa kilima cha karibu, mahali pasipo na miti wala mizizi ya kusumbua jembe. Tukapanda lengalenga, tukamwagilia, na mbegu zikaota vizuri.

Baada ya wiki mbili majani yakageuka manjano. Tukadhani ni ukosefu wa maji, tukaongeza maji. Tukadhani ni jua, tukazihamisha ndoo kivulini. Wala halikusaidia neno. Tulipong'oa mche mmoja tuliona mizizi imedumaa, mifupi kama ncha za sindano.

Siku ile mzee mmoja alipita njiani. Akachota udongo wa ndoo mkononi, akauliza umetoka wapi. Tukamwonyesha kilima. Akatabasamu, akasema, "Mwalimu, pale mababu hawakulima. Pale walichimba."

Tuliona haya, kwa maana mambo hayo tuliyasoma vitabuni, tena tuliwasomesha watoto, wala hatukuyakumbuka tuliposhika jembe.

Kwa nini vilima havina miti

Msomaji anayeujua mji wetu ameona vilima vyenye majani mafupi na maua, lakini bila miti, huku msitu umevizunguka pande zote. Hapana mtu aliyekata miti hiyo. Udongo wenyewe umeikataa, kwa kuwa una shaba na kobalti nyingi mno. Kwa kawaida kilo 10 za udongo wa shamba hazina hata gramu 1 ya shaba. Katika vilima vya shaba, kilo 1 tu yaweza kuwa na gramu 10 au zaidi.

Hata hivyo iko mimea iliyozoea sumu hiyo. Wataalamu wamehesabu zaidi ya aina 600 za mimea katika vilima vya shaba vya Katanga, na zaidi ya 30 miongoni mwake haioti mahali pengine po pote duniani. Mmoja wa mimea iliyozoea shaba ni ule uitwao Haumaniastrum katangense, wenye maua ya zambarau, ambao watu huuita ua la shaba. Karibu na Lubumbashi wachunguzi waliukuta ukiota juu ya mahali pa tanuri za kale, palipoyeyushwa shaba karne nyingi zilizopita. Wahunzi wamekwisha kufa na majina yao yamesahauliwa, lakini shaba waliyoiacha ardhini ingali inachagua nini kiote na nini kife.

Katika Fungurume kampuni kubwa ya uchimbaji ilianzishwa mwaka 1970, kazi ikasimama mwaka 1976, na shaba ya kwanza ya mgodi wa sasa ilitoka mwaka 2009. Tangu hapo watu wamekuja kwa wingi kutafuta kazi, nyumba zimesongamana, na mashamba yamezidi kuwa mbali. Ndivyo ilivyo kwamba mama mwenye haja ya mboga huchimba udongo ulio karibu, wala hana habari ya kilichomo.

Mboga isiyokufa

Lengalenga letu lilikufa, na tunashukuru kwamba lilikufa. Hatari iliyo kubwa zaidi ni mboga isiyokufa. Udongo ukiwa na madini kiasi, wala si mengi kupita kiasi, mboga huweza kustawi, ikawa na majani mapana ya kupendeza, huku imevuta kobalti kutoka chini na kuiweka katika majani. Mpishi hawezi kuiona, wala mlaji hawezi kuionja.

Hayo si hofu ya bure. Mwaka 2009 wachunguzi wa Lubumbashi pamoja na wenzao wa Ubelgiji walitoa habari za uchunguzi wao juu ya watu 351 wa Katanga. Waliokaa chini ya kilomita 3 kutoka mgodini au kwenye kiwanda cha kuyeyushia madini walikuwa na kobalti nyingi katika mkojo kuliko waliokaa mbali. Mwaka 2014 walitafuta njia ambazo kobalti huingilia mwilini. Wakaona ya kuwa mboga zilizolimwa mahali palipochafuka ni njia mojawapo kubwa, na vumbi huongeza sehemu yake, hasa kwa watoto, kwa sababu mtoto hucheza chini na kutia vidole kinywani.

Basi mzazi asiseme, "Mboga hii nimeilima mwenyewe, kwa hiyo ni salama." Aseme hivyo akiisha kujua udongo wake. Hapo ndipo bustani ndogo ya barazani inapolishinda hata shamba kubwa: shamba haliwezi kuhamishwa, bali udongo wa kujaza gunia moja mtu aweza kuuchagua.

Kuchagua udongo

Usichukue udongo wa kilima kisicho na miti, wala wa mahali penye mawe ya kijani, wala wa kando ya mto upokeao maji ya mgodi, wala wa kando ya barabara ipitapo magari ya madini. Usichukue mahali palipooshwa au kupondwa mawe ya madini, hata kama kazi hiyo imekwisha zamani.

Tafuta mahali pa mbali palipo na msitu wa kawaida, au shamba la zamani ambapo wazee walivuna mahindi na mihogo miaka mingi. Watu wengi husifu udongo wa kichuguu, na husifu kwa haki, maana hauna ukali kama udongo mwekundu wa nchi yetu. Lakini mchwa huupandisha udongo kutoka chini sana, hata watafutaji wa madini hupima vichuguu ili wajue kilichofichwa ardhini. Kwa hiyo kichuguu cha msituni mbali chafaa. Kichuguu cha karibu na kilima cha shaba hakifai.

Changanya mafungu mawili ya udongo huo na fungu moja la samadi iliyooza vizuri. Udongo wa kichuguu ukinata kama wa matofali, ongeza mchanga safi. Kisha tia konzi moja ya chokaa au majivu ya kuni katika kila gunia, wala usizidishe. Udongo mkali huyaachilia madini yaingie upesi katika mizizi, lakini chokaa na samadi huyazuia. Wataalamu wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi wamezijaribu dawa hizo mbili katika ardhi zilizochafuka, nazo zilisaidia. Lakini kupunguza si kuondoa: udongo mbaya ukitiwa chokaa haugeuki kuwa mwema.

Vyombo na kazi yake

Gunia la unga, bidoni iliyokatwa, beseni lililopasuka, vyote vyafaa, mradi vitobolewe chini ili maji yasisimame. Neno moja twalitilia mkazo: usitumie kamwe pipa au bidoni iliyochukua asidi au dawa za mgodini, hata kama imeoshwa mara kumi na yauzwa kwa bei rahisi.

Njia ya gunia imekuwa na sifa huko Kibera, mtaa wa Nairobi wenye nyumba zilizobanana. Baada ya ghasia za uchaguzi, mwaka 2008, shirika la Kifaransa Solidarités liliwasaidia watu wa mtaa ule kupanda sukuma wiki magunani, na jamaa nyingi zikapata mboga mlangoni. Hufanya hivi. Huchukua kopo kubwa lisilo na kitako wala kifuniko, hulisimamisha katikati ya gunia, na kulijaza mawe madogo. Hujaza udongo kulizunguka, kisha hulivuta kopo juu kidogo na kujaza tena, hata gunia lijae. Hivyo hubaki nguzo ya mawe katikati, ambayo hupeleka maji mpaka chini. Miche hupandwa juu, na mingine katika matundu ya ubavuni.

Kwetu Fungurume, mawe hayo yasitoke mgodini wala penye taka za tanuri. Vipande vya matofali ya kuchoma vyafaa kabisa.

Mbegu, maji na vumbi

Anza na mimea michache. Lengalenga huchumwa baada ya wiki nne au tano. Uchume majani, uache shina lichipue tena. Matembele hupandwa kwa kipande cha shina, nayo hutambaa ikining'inia ukingoni mwa baraza. Vitunguu vya majani havidai nafasi. Nyanya na pilipili huhitaji bidoni nzima kwa kila mche, na kijiti cha kuegemea. Tena mimea ya matunda, kama nyanya, kwa kawaida huvuta madini kidogo kuliko mboga za majani, nalo ni jambo la kukumbuka kwa mtu asiye na hakika kamili ya udongo wake. Sombe tuiachie shamba, maana mhogo wataka ardhi ya kunyoosha mizizi.

Mvua zetu huanza Oktoba au Novemba na kwisha Aprili. Katika kiangazi chombo hukauka upesi kuliko shamba, basi mwagilia asubuhi na jioni, na kufunika udongo kwa nyasi kavu. Maji yawe ya kisima au bomba safi. Katika baridi ya Juni na Julai lengalenga hukawia. Wakati huo shu na vitunguu hustawi zaidi.

Vyombo viwekwe upande wa nyumba usioelekea barabara. Baraza lifagiliwe kwa kunyunyiza maji kwanza, ili vumbi lisiruke. Mboga zioshwe mara mbili au tatu katika maji safi kabla ya kupikwa, na watoto wanawe mikono wakiisha kushika udongo. Kuosha huondoa vumbi lililo juu ya jani, lakini hakuondoi madini yaliyopanda kwa mizizi. Ndiyo maana twarudia shauri lile lile la kuchagua udongo.

Mambo yaliyozidi nguvu za gunia

Tusidanganyane. Magunia matatu hayatalisha jamaa ya watu wanane. Unga mwingi wa mkoa wetu hutoka Zambia, na mwaka 2024 ukame ulipoharibu mavuno ya nchi ile, tulitambua jinsi chungu chetu kinavyotegemea mvua za wengine. Bustani ya barazani haiwezi kutengeneza hayo, wala haimrudishii mkulima shamba lake.

Lakini liko jambo ambalo wazazi wakiungana wanaweza kulidai kwa haki. Sheria ya madini iliyorekebishwa mwaka 2018 yaziamuru kampuni kutenga angalau 0.3 kwa mia ya mapato ya mauzo yao kwa maendeleo ya wenyeji. Watu wakiulizwa fedha hizo zifanye nini, husema shule, zahanati, visima, nayo yote ni mema. Twaomba liongezwe moja: kupima udongo wa mashamba na mitaa, na kuwaambia watu waziwazi wapi palimwe na wapi pasilimwe. Chuoni Lubumbashi wamo wenye elimu hiyo. Mama asiachwe akisie kwa macho kitu kisichoonekana.

Sisi tulimwaga udongo wa ndoo zile pale pale ulikotoka. Tukawachukua watoto, pamoja na mzee yule, tukaenda mwendo wa saa moja na nusu hadi shamba la ndugu yake, tukarudi kila mmoja na mfuko mdogo kichwani. Lengalenga la pili lilichumwa baada ya mwezi mmoja na siku chache. Halikuwa jingi; lilitosha sufuria moja ya darasa. Watoto waliokula walijua udongo wake umetoka wapi, na kwa nini walitembea mbali hivyo kuuleta.