Neno "Abasia"

Huko Peramiho, mkoani Ruvuma, kuna abasia. Abasia ni nyumba ya watawa. Watawa huishi pamoja, husali na kufanya kazi. Mkuu wao huitwa abate.

Maneno haya mawili, abasia na abate, yametokana na neno "abba". Katika Kiaramu, lugha aliyosema Yesu, abba maana yake ni baba. Neno hilo lilipita katika Kigiriki na Kilatini, kisha likatufikia sisi.

Je, baba huyu huamua bila kuuliza mtu? Sivyo. Kanuni ya Mtakatifu Benedikto iliandikwa Italia katika karne ya 6. Kanuni hiyo yamtaka abate awaite watawa wote panapotokea jambo kubwa. Awasikilize wote, hata vijana. Ndipo aamue.

Baba mwema husikiliza kwanza.