Mtunzeni Mcheza Nyoka, Jiwe Mwachieni

Mcheza nyoka akishapita Tukuyu, swali ni lilelile: lile jiwe jeusi linawekwa kwenye jeraha la nyoka dakika ngapi? Kila mtaalamu wa sumu amelijibu mpaka amechoka. Hata dakika moja ni ya kupoteza.

Ufundi wa wachezaji hawa haubishaniwi. Bayeye, chama cha wacheza nyoka wa Kisukuma, wamerithishana ujuzi vizazi kwa vizazi: nyoka ashikwe wapi, anakasirika lini. Watunzwe, wanastahili. Lakini anayezungushwa shingoni mara nyingi ni chatu, asiye na sumu kabisa. Mwenye sumu anaweza kung'olewa meno kabla ya ngoma, nayo huota tena. Mchezaji akitoka salama, kilichomwokoa ni mkono wake, si chale za kinga alizochanjwa.

Na jiwe? Ni mfupa wa ng'ombe uliochomwa ukawa mkaa. Hunata kwenye kidonda kwa kuwa una vitundu vinavyofyonza unyevu. Hata ulimini lingenata. Watu wakiona limenata husema linavuta sumu, wakati sumu imeshazama nyamani na inasafiri. “Mbona fulani alipona?” Kwa sababu nyoka wengi hawana sumu, na hata mwenye sumu pengine huuma bila kuitoa. Fulani huyo angepona hata kwa kipande cha sabuni.

Japani ya zamani iliyajua maonyesho ya namna hii. Wauza mafuta ya chura wa mlima Tsukuba walikusanya watu kwa maneno matamu, wakakata karatasi kwa upanga, wakajichanja mkono, wakapaka dawa, damu ikakoma. Upanga ulinolewa sehemu tu. Mkono uliguswa na upande butu. Leo Tsukuba wanaliigiza onyesho hilo kama sanaa.

Turudi Tukuyu: wilaya yake, Rungwe, ina nyoka mwenye jina lake, Atheris rungweensis, aliyetambuliwa na wanasayansi mwaka 1940. Sumu yake haina dawa mahususi. Mgonjwa hutegemea uangalizi wa hospitali. Basi aliyeumwa avuliwe pete na viatu, mguu ufungwe banzi, asitembee. Msichanje, msinyonye, msikaze kamba. Aspirini hapana. Piga simu hospitali ya Makandana au Igogwe kuuliza dawa ya sumu, huku safari imeanza. Huko damu huwekwa kwenye chupa kavu ya kioo kwa dakika 20; isipoganda, sumu iko kazini. Swila akitema machoni, osheni kwa maji mengi papo hapo, kisha hospitali.