Sura ya Nne: Bhai Si Jambazi

Kila nikilitaja neno bhai mbele ya vijana wa Mji Mkongwe, hupewa jibu lile lile: bhai ni mkubwa wa majambazi wa Mumbai. Wameliokota kwenye filamu. Munna Bhai wa mwaka 2003 kweli ni mhuni, tena anayejitia udaktari. Lakini kuishia hapo ni sawa na kudhani kila anayeitwa mzee ni bosi wa ofisi.

Bhai ni kaka. Wagujarati huliweka mwishoni mwa jina la mwanamume kwa heshima. Na ile h si pambo! Ukiitoa unapata bai, ambalo Mabohora na Makhoja hulibandika kwenye jina la mwanamke. Waandishi wetu huandika yote mawili “bai”, bwana akageuka bibi katikati ya sentensi, na mhariri hata hashtuki.

Nilikusudia kuzisimulia filamu hizi kwa kufuata miaka, tangu jumba la sinema la Royal la hapa Unguja la 1921, ambalo baadaye liliitwa Majestic. Lakini filamu ya Deewaar ya 1975 hainipi njia. Ravi, polisi, anamwekea kaka yake Vijay karatasi ya kukiri magendo aitie saini. Vijay, yaani Amitabh Bachchan, hataki: kwanza zije saini za waliomdhulumu baba yao, na za waliomchanja yeye mkononi maneno ya kumwaibisha. Ravi anamsihi, anamwita bhai. Kisha anamwekea mpaka: akisema kama ndugu, ndugu atamsikiliza, akisema kama mhalifu, anayesikiliza ni polisi. Undugu ukishindwa pale, inabaki bunduki, na Ravi mwenyewe ndiye anayempiga risasi kaka yake.

Sasa wapo wanaoshikilia kwamba watu wa Unguja walijaa kwenye majumba ya sinema ya Majestic na Empire kutazama nguo na ngoma tu, kwa kuwa Kihindi hawakijui. Upuuzi mtupu. Katika filamu hizo msichana akimwita kijana bhaiya, yaani kaka, au akimfunga mkononi rakhi, uzi ambao dada humfunga kaka yake, habari ya posa imekwisha. Nani hapa anahitaji mkalimani? Kijana wa Unguja anayemnyemelea binti, akajibiwa “ahsante, kaka yangu”, anajua pa kushika njia.

Hata yakhe yetu, iliyotoka kwenye Kiarabu cha kumwita ndugu, haitamkwi bure. Mtu akikuanza nayo barazani, kahawa ikiwa bado mkononi, jua kuna ombi linakuja, na kulikataa kutakuwa kazi. Wachekeshaji wa bara wameifanya kibandiko cha kumchekea Mzanzibari, wakaupoteza mzigo wake wote.

Itafute Deewaar, uzime tafsiri ya maandishi, utege sikio kwenye bhai peke yake: nani analitamka, na ni wapi anapoacha kulitamka.