Ajali ni kadari, lakini haki ya yatima haizikwi

Mama mmoja alifika katika ofisi ya msikiti wetu baada ya Swala ya Alasiri, akiwa na mwanawe wa kiume wa miaka 6 na karatasi iliyokunjwa mara nne. Mumewe, Allah amrehemu, alifariki akiwa abiria wa bodaboda iliyogonga lori bovu lililoachwa barabarani usiku bila taa wala pembetatu za tahadhari. Siku ya tatu ya msiba, shemeji yake alipokea rambirambi ya mwenye lori, akatia saini kuwa familia imesamehe na haina madai. Sababu iliyotolewa mkekani ilikuwa fupi: ni kadari ya Allah.

Ndugu msomaji, hilo ni kweli. Neno letu "ajali" lenyewe limetoka katika Kiarabu, ajal, yaani muda uliokadiriwa. Lakini kadari haimfutii mtu dhamana. Katika Suratun Nisaa, aya ya 92, Allah (s.w.) ameweka kafara na diya kwa anayemuua Muumini kwa kukosea. Aliyeuawa kwa kukosea naye amekufa kwa kadari, na bado diya ipo.

Mafakihi hutofautisha mubashir, aliyetenda mwenyewe, na mutasabbib, aliyesababisha. Wa kwanza huwajibika hata kama hakukusudia. Wa pili huwajibika akivuka mpaka au akizembea. Mwaka 1993, Majmaa ya Kimataifa ya Fiqhi ya Kiislamu, katika kikao chake cha nane nchini Brunei, iliamua kuwa dereva hudhamini madhara anayowafikishia wengine, isipokuwa kwa nyudhuru maalumu, kama vile nguvu asiyoweza kuizuia. Na kosa likichangiwa, kila mmoja hubeba fungu lake.

Sheria ya Tanzania nayo hugawa lawama. Mahakama hupima mchango wa mwendesha bodaboda na wa aliyeacha lori gizani. Hata ikithibiti kuwa abiria hakuvaa kofia ngumu, hilo laweza kupunguza fidia, si kuifuta.

Kwa hiyo, kabla ya kusamehe, tujue kwanza nani alikosea. Zihifadhiwe picha za eneo la ajali, namba za usajili wa vyombo na majina ya mashahidi. Ifuatiliwe ramani ya ajali iliyochorwa na askari wa usalama barabarani pamoja na ripoti ya ukaguzi wa vyombo; majeruhi apatiwe PF3. Bima ya kuwakinga watu wengine ni ya lazima kisheria, na namba ya usajili yatosha kuihakiki katika mfumo wa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima (TIRA). Kesi ya madai ya uzembe hufunguliwa ndani ya miaka 3.

Kusamehe ni ibada tukufu, na aya ile ile imewafungulia warithi mlango huo. Lakini kila mrithi mzima husamehe fungu lake. Fungu la mtoto mdogo halisamehewi na ami yake. Tena, kwa kuwa marehemu aliacha mtoto wa kiume, kaka yake hakuwa mrithi. Wala kwa sheria ya nchi hakuwa msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama.

Mama yule alitufikia ikiwa imebaki miezi 7 miaka hiyo itimie. Tulimwandikia barua ya utambulisho kwenda Mahakama ya Mwanzo kuomba usimamizi wa mirathi. Shemeji yake, ambaye hakuwa na nia mbaya, alikwenda naye akiwa mdhamini.

Kamati za misikiti zina wajibu hapa. Rambirambi ipokewe kwa shukrani na iandikwe kuwa ni rambirambi. Karatasi ya kusamehe isitiwe saini mkekani, wakati mjane yuko ndani analia na yatima hawajui wanachopoteza.

Allah atuwafikishe kuwafikishia yatima haki zao. Amin.