Kufuli ya kifungu 220: sendika yetu pia iko ndani

Wandugu wafanyakazi, ninyi wachimbaji wa mikono, na ninyi wamama na vijana wa kambi,

Tangu Oktoba 2024, wakati Rais Félix Tshisekedi alisema kule Kisangani kwamba ataweka tume ya kutayarisha Katiba mpya, ulizo ni lile lile fasi zote: anatafuta manda ya tatu ao hapana? Ndani ya basi ya kazi, sokoni, mbele ya kanisa, kila mtu anajibu kufuata chama chake. Wengine wanafunga mazungumzo mara moja: «Ile ni maneno ya ba politike. Sisi tunatafuta bunga.»

Sisi wa sendika tunasema: maneno ya Katiba ni maneno ya bunga. Tueleze juu ya nini.

Kura peke yake haitoshi

Wengi wanafikiri demokrasia ni kura: mwenye kura mingi anatawala, basi. Ni kweli, lakini ni nusu tu ya kweli. Mobutu alikamata utawala kwa nguvu ya jeshi tarehe 24 Novemba 1965. Mwaka 1967 alipeleka Katiba mpya kwa referandumu, na zaidi ya watu 90 kwa mia walihesabiwa kuwa walisema ndiyo. Katiba ile iliruhusu vyama viwili vya siasa. Mwaka 1970 ikarekebishwa, MPR ikabaki chama cha pekee. Kura ilikuwako, Katiba ilikuwako, lakini hakukuwa mtu wa kumwambia mkubwa: hapa, usipite.

Na sisi wafanyakazi? Mwaka ule ule wa 1967, sendika tatu zilichanganywa kuwa moja, UNTC, ile iliyoitwa nyuma UNTZA, na ikawekwa chini ya chama cha Leta. Mkurugenzi alikuwa wa MPR, na msemaji wa wafanyakazi naye alikuwa wa MPR. Nani angemsemea mtu wa chini ya shimo? Mlango ulifunguka tu nyuma ya hotuba ya tarehe 24 Aprili 1990.

Wazee wetu waliona mabaya zaidi. Desemba 1941, wafanyakazi weusi wa Union Minière waligoma, wakiomba mshahara uongezwe. Sheria ya wakoloni haikuwapa haki ya sendika. Tarehe 9, ndani ya uwanja wa mpira wa Lubumbashi, askari walipiga risasi. Léonard Mpoyi, aliyewasemea wenzake, alikufa pale pamoja na wengine wengi. Pasipo haki iliyoandikwa juu ya sheria zote, mgomo ulihesabiwa kuwa uasi.

Fikiria convention collective

Mfanyakazi wa kampuni anajua convention collective ni kitu gani. Mkurugenzi mpya akifika, hawezi kuamka asubuhi na kusema: «Mimi njo mukubwa sasa, ile karatasi natupa.» Alikuta mapatano, anapashwa kuyafuata, na akitaka kuyabadilisha atakaa mezani na sisi. Katiba inafanya vile vile kwa mtu aliyeshinda uchaguzi. Kura inamupa kiti. Katiba inamwambia kiti kile kina mipaka gani na kitaisha siku gani.

Tena kuna ngazi. Mkataba wako wa kazi uko chini ya convention, convention iko chini ya Sheria ya Kazi ya mwaka 2002, na Sheria ya Kazi iko chini ya Katiba. Ile ya juu ikitikisika, zote za chini zinatikisika.

Sasa tuangalie Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, ile tuliyoipigia referandumu Desemba 2005. Kifungu 36 kinasema mshahara unapashwa kumtosha mfanyakazi na jamaa yake waishi kwa heshima. Kifungu 38 kinalinda uhuru wa sendika. Kifungu 39 kinalinda haki ya mgomo, hata kama sheria inaweza kuupunguza kwa kazi za ulinzi wa inchi na huduma za lazima.

Kisha kuna kifungu 220, ile kufuli. Kila mtu anajua kwamba kinakataza kugusa hesabu na urefu wa manda za Rais. Lakini wachache wanakisoma mpaka mwisho. Kinafunga pia kura ya watu wote, uhuru wa waamuzi, na wingi wa vyama vya siasa na wa sendika. Ndiyo, sendika imeandikwa pale pale, ndani ya kufuli moja na manda za Rais. Kinakataza tena kupunguza haki za mtu na mamlaka ya majimbo. Wale walioandika walikumbuka miaka ya UNTZA.

Mlango unaofunguka na usiofunguka

Hatusemi Katiba ni Biblia. Yenyewe inaonyesha njia ya kurekebishwa. Kufuata kifungu 218, Rais, serikali, wabunge, ao raia 100 000 wenye kutia sahihi wanaweza kuomba marekebisho. Neno la mwisho ni la referandumu, isipokuwa Bunge na Seneti wakikaa pamoja na kukubali kwa tatu juu ya tano. Kifungu 219 kinakataza kurekebisha wakati wa vita ao wa état de siège. Na tunajua Ituri na Kivu ya Kaskazini ziliingia ndani ya état de siège tangu Mei 2021.

Tulikwisha kuona marekebisho ya haraka. Januari 2011, Bunge na Seneti walifuta duru ya pili ya uchaguzi wa Rais. Hatukuitwa kwa referandumu. Matokeo tunayajua: kwa uchaguzi wa mwaka 2018, mshindi alitangazwa na kura 38 na kidogo kwa mia. Lakini kufuli ya 220 ilishika. Rais Joseph Kabila alipita muda wake miaka miwili, watu walikufa ndani ya maandamano ya Januari 2015 na ya Septemba 2016, lakini manda ya tatu haikupatikana.

Leo wengine wanasema kifungu 220 kinakataza «kurekebisha», hakikatazi kuandika Katiba mpya. Wengine wanajibu kwamba ile ni kuacha mlango uliofungwa na kuruka ukuta. Kati ya wanachama wetu kuna wa pande zote mbili. Sendika haiwaambii mchague chama gani. Inawaomba tu, siku watakapoleta karatasi ya kutia sahihi ao ya referandumu, muulize kwanza: vifungu 36, 38 na 39 viko wapi? Kufuli imebaki na maneno yake yote? Pesa za jimbo ziko wapi?

Mtatuambia: «Hata ile ya leo haifuatwi.» Ni kweli. Kifungu 175 kinasema 40 kwa mia ya mapato ya taifa yabakizwe hapa hapa jimboni, lakini pesa zinapita kwanza Kinshasa, na wote tunaona barabara zetu. Lakini haki iliyoandikwa na kukanyagwa inaweza kudaiwa. Haki iliyofutwa, utaidai kwa nani? Hata kifungu 162 kinamruhusu mtu yeyote, awe mchimbaji wa mikono ao mama wa soko, kupeleka sheria inayovunja Katiba mbele ya Mahakama ya Katiba.

Kwa hiyo, tafuteni Katiba, iko kwa Kifaransa na kwa luga zetu. Wasomi wa jamaa wawasomee wazee, na wajumbe wa sendika waisome kwenye mikutano ya wafanyakazi. Tuanze na kifungu 220, na tukisome mpaka neno la mwisho.